Mheshimiwa Waziri Yuko Uchina ya Kale

Tegeni masikio, wenzangu, na asiyetega ajue jina lake limekwisha andikwa. Nchi ninayoisimulia haipo. Inaitwa Shwari, na msije mkaitafuta kwenye ramani mkanitia matatani bure. Kama kuna atakayehisi anaifahamu, hayo ni yake na daktari wake.

Shwari ilikuwa nchi yenye bahati. Kwingine watu hupotea. Shwari hakupotea mtu hata mmoja, kwa sababu kulikuwa na Wizara ya Uwepo. Kila raia, kitovu kikishakauka tu, alivishwa kipande shingoni: kijibao cha plastiki ukubwa wa kibiriti, chenye taa ndogo ya kijani. Kipande kilipeleka habari zako kwa Mashine, na Mashine ilikaa ghorofa ya tano ya Wizara, kwenye chumba chenye viyoyozi vinne, wakati wodi ya wazazi ya hospitali kuu haikuwa na hata feni. Ukienda chooni, Mashine inajua. Ukikawia huko, unaletewa barua ya kuulizwa kulikoni.

Na Mashine haikosei. Msidhani hiyo ni sifa, ilikuwa sheria. Kifungu cha tatu: atakayesema Mashine imekosea atafungwa miaka mitano, isipokuwa Waziri, ambaye ndiye peke yake mwenye mamlaka ya kusema hivyo, kwa maandishi na muhuri. Katika miaka tisa Waziri hakuwahi kusema. Alikuwa Mheshimiwa Daktari Ndosi Mkwiji, mtu mnene, mwenye sauti tamu na udaktari aliotunukiwa na chuo ambacho majengo yake yalikuwa bado hayajapigwa bati.

Katika nchi hiyo ndimo alimoishi Mwalimu Siwema, mwanamke mwembamba, mkavu wa maneno, aliyefundisha historia katika sekondari ya wasichana. Mumewe alikuwa Fundi Chande, fundi cherehani. Chande alikuwa mtu wa kukaa. Miaka ishirini na sita alikaa kwenye baraza ileile, kwenye cherehani ileile, na Mashine ikamtunuku cheti cha Raia Asiyesumbua. Siwema alikitundika ukutani, juu ya kabati la vyombo. Walipendana watu hawa, tena kwa utani, maana Chande alikuwa akimwita mkewe "Bi Tarehe", naye akimwita mumewe "Bwana Pindo".

*

Jumanne moja Chande akaitwa nyumbani kwa Waziri kumpima koti la sherehe. Sasa nyumbani kwa Waziri kulikuwa na utaratibu wake. Mgeni akifika getini anavua kipande, anakitia kwenye kikapu cha mlinzi, kwa usalama. Usalama wa nani? Sijui, mimi nasimulia tu. Chande akavua, akatia, akaingia na futi yake shingoni.

Huku nyuma dereva wa Waziri akatumwa nyanya sokoni. Akatafuta kikapu, hakuona. Mlinzi, aliyeitwa Maganga, akamwambia achukue hicho hicho, kina kidude kimoja tu ndani, hakizuii kitu. Dereva akachukua. Saa nne na dakika kumi kikapu kikawa kinapita Daraja la Umoja, na saa nne na dakika kumi hiyohiyo mtu ambaye hajajulikana mpaka leo akawa anaichora picha kubwa ya Waziri, iliyobandikwa darajani, masharubu ya paka.

Mashine ikaulizwa nani alikuwa darajani. Mashine ikajibu: Chande.

Mahakamani Waziri alikuja mwenyewe kutoa ushahidi, maana hakuwa mtu wa kukimbia wajibu. "Mheshimiwa Hakimu," alisema, "ni kweli kabisa kwamba saa nne na dakika kumi mshitakiwa alikuwa amepiga magoti mbele yangu, ananipima kiuno. Nilimwona kwa macho yangu haya. Lakini macho yangu ni mali ya mtu binafsi. Mashine ni mali ya taifa. Baina ya macho yangu na taifa, mimi nachagua taifa!"

Ukumbi mzima ukampigia makofi, na hakimu akafuta machozi. Chande akapigwa miaka saba. Kwa huruma zake Waziri akaomba mfungwa apelekewe kitambaa gerezani ili amalizie koti. Akalimalizia. Likamkaa Waziri vizuri mno.

*

Mwaka wa pili Chande akafa kwa kifua. Siwema alipata habari kwa mfungwa aliyeachiliwa, akakimbilia mochwari ya hospitali kuu bila hata kufunga mlango wa nyumba. Akamkuta kwenye droo namba tisa. Alimjua kwa kidole gumba, chenye matobo matobo ya sindano.

"Mama," alisema karani wa mochwari, mtu mpole, "mimi na wewe hatubishani. Huyu amekufa, tena amekufa sana, hata mimi namwonea huruma. Lakini kipande chake kiko kwenye mtoto wa meza kule gerezani, taa ni ya kijani, na Mashine inasema yuko hai na ametulia. Mtu aliye hai hazikwi. Nikikupa, tunakwenda jela wawili."

"Taa ile inazimika lini?"

"Betri yake ina dhamana ya miaka arobaini."

Siwema akarudi nyumbani akajifungia, avue dhahabu, akae eda kama wanavyokaa wanawake waliofiwa. Hata jua halijachwa, balozi wa nyumba kumi alikuwa mlangoni anapiga hodi. Akamweleza, shingo upande, kwamba kumkalia eda mume aliye hai ni kuikashifu Serikali, na kwamba asubuhi anatakiwa kazini. Basi ikawa hivyo. Mwaka mmoja na miezi miwili Mwalimu Siwema alifundisha wasichana huku mumewe yuko barafuni. Akicheka, anaambiwa vizuri, mumeo yu hai. Akilia, anaulizwa analia nini.

Alikwenda Wizarani mara kumi na moja. Mara ya kumi na moja akakutana na Waziri uso kwa uso kwenye ujia, naye amevaa lile koti. Siwema akamweleza shida yake kwa adabu zote, mikono nyuma. Waziri akamsikiliza mpaka mwisho, akamgusa begani.

"Mama, shukuru," alimwambia. "Wenzako waume zao hawatulii. Wako ametulia."

Akacheka na wasaidizi wake wakacheka. Kuanzia saa ile, wenzangu, nisiwafiche, Siwema alimchukia mtu yule. Alilala na chuki hiyo, akaamka nayo, akainywea chai. Alitaka vitu viwili duniani: amzike mumewe amlilie, na huyu mtu aonje.

*

Mwenye uchungu ana mahali pake pa kukimbilia. Siwema alikimbilia Uchina ya kale. Alikuwa na vitabu vichache vilivyochakaa, na kila alipomaliza kusahihisha madaftari alivifungua akaondoka. Anaketi pale pale mezani, lakini yeye yuko Xianyang, mji mkuu wa dola la Qin, zaidi ya miaka elfu mbili na mia tatu nyuma. Anatembea kwenye vumbi la njia pana. Anapishana na wakulima wenye nywele zilizofungwa utosini, anasikia magurudumu ya magari ya farasi, ananusa mtama unaochemka, na hakuna anayemuuliza namba yake. Alistarehe huko. Siku moja akageuza ukurasa, akakutana na waziri mmoja wa dola hilo aliyeitwa Bwana Shang, akasoma habari zake mpaka mwisho. Alipomaliza alifunga kitabu, akacheka peke yake mpaka jirani akagonga ukuta.

Haukupita mwezi, Wizara ikatangaza kwamba inatimiza miaka kumi, na kwamba Mheshimiwa anataka aandikiwe historia ya Uwepo tangu dunia kuumbwa, ili walimwengu wajue wazo lake lina ukoo. Shule zikaagizwa zitoe mwalimu anayejua mambo ya mbali. Mwalimu mkuu akamtoa Siwema, kwa sababu ndiye aliyekuwa anasoma hata wakati wa chai.

Waziri hakumkumbuka. Mtu anayefuatilia watu milioni nane atakumbuka sura ya nani?

"Nieleze, Mwalimu," alisema, amejinyoosha kitini. "Nani alinitangulia?"

"Mheshimiwa, yuko mmoja. Alikuwa waziri huko Qin, akiitwa Bwana Shang. Aliwagawa watu makundi ya nyumba tano tano na kumi kumi, wachungane. Mmoja akikosa, wenziwe wasiposema, wote wanaadhibiwa. Kila mtu aliandikwa jina lake. Na hakuna nyumba ya wageni iliyoruhusiwa kumlaza msafiri asiye na hati."

Waziri alikuwa ameanza kulengwalengwa na machozi. "Nyumba kumi kumi! Bila umeme! Mwalimu, huyu ni babu yangu. Wakampa nini?"

"Mfalme alimpa miji kumi na mitano, Mheshimiwa."

"Kumi na mitano! Mimi nimepewa barabara moja, tena ya vumbi."

Siwema akanyamaza hapo. Mwalimu wa historia anajua mahali pa kukatia kipindi.

"Mheshimiwa," akasema baadaye, kana kwamba limemjia tu, "kwa nini usiende kumwamkia?"

"Kwenda wapi?"

"Qin. Mwaka wa mia tatu na arobaini kabla ya Masihi, mwaka aliopewa ile miji. Mashine ina sehemu ya kuandika mahali na sehemu ya kuandika tarehe. Wewe ukiandikwa uko huko, utakuwa wapi?"

Akaitwa injinia wa Mashine. Injinia alikuwa na watoto wadogo na alikijua kifungu cha tatu kuliko alivyoijua Mashine. Akalitazama swali, akamtazama Waziri. "Utakuwa huko, Mheshimiwa," alijibu. "Mashine haikosei."

*

Sherehe ya kumsindikiza Waziri ilifanyika ghorofa ya tano, kwa bendi ya polisi. Alivaa kanzu ya hariri nyekundu yenye majoka ya dhahabu na kofia iliyomziba jicho moja. Rais hakuweza kuhudhuria, kwa kuwa kwa mujibu wa Mashine siku hiyo alikuwa anafungua visima katika mikoa sita kwa wakati mmoja.

"Ndugu wananchi!" alinguruma Waziri. "Wenzetu walikwenda mwezini wakajisifu. Mwezi wenyewe huo hapo juu, kila mpiga soga anauona! Mimi nakwenda kusikoonekana. Nitakaa huko siku tatu, nitampa Bwana Shang mkono wa Shwari, nitampelekea kipande cha heshima, na nitarudi. Enyi mabeberu, mko wapi?"

Mabeberu hawakujibu. Siwema, ambaye sasa alikuwa Mratibu wa Safari, akaandika mahali na tarehe. Waziri mwenyewe akabonyeza kitufe. Kioo kikubwa kikawaka: MKWIJI, NDOSI. YUKO XIANYANG. AMETULIA. Ukumbi ukalipuka kwa vigelegele. Aliyepiga makofi muda mrefu kuliko wote alikuwa Naibu Waziri, Mheshimiwa Kandoro, mtu wa tabasamu jembamba. Aliendelea kupiga hata bendi iliponyamaza.

Kisha Waziri akaingia chumba cha nyuma, pazia likashushwa. Safari yenyewe ilikuwa hiyo. Kulikuwa na godoro, tambi za kuchemsha, birika la chai ya kijani na picha ya ukuta mrefu. Siwema alikaa kitini akamsomea habari za Xianyang, majumba, mahakama, wakulima wanaoinama barabarani. Waziri alifumba macho akiona yote. Alilala kwa Bwana Shang, akala naye, akampa ushauri kuhusu vibanda vya ukaguzi. Siku ya pili alikuwa anamwita "babu". Nawaambia alifurahi, na mimi simnyimi, maana hizo ndizo zilikuwa siku zake za mwisho za raha.

*

Siku ya tatu alitoka, mikono ameitandaza, anangoja vigelegele. Alikuta askari mmoja anakula karanga.

"Wewe nani? Umeingiaje humu?"

"Mimi Waziri, bwana wee! Nimerudi!"

"Waziri yuko Uchina ya kale," askari alisema. "Sote tulimsindikiza. Hebu lete kipande."

Kipande kikasomwa. XIANYANG. AMETULIA. Injinia akaitwa, akaja na kitabu cha kanuni amekikumbatia kifuani. Kifungu cha kumi na nne, alisoma huku jasho linamtoka: hakuna raia atakayehesabiwa kuwa ameondoka mahali mpaka kuondoka kwake kuthibitishwe na afisa wa Wizara wa mahali hapo anapoondoka. Waziri alikitunga mwenyewe mwaka wa ukame, watu wa bara walipoanza kukimbilia mijini kutafuta chakula. Wengi walikufa kwenye foleni ya muhuri, na Mashine ikaandika kwamba wamebaki vijijini kwa uzalendo.

"Sasa?" aliuliza Waziri.

"Sasa, Mheshimiwa… yaani, bwana… tumeiandikia ofisi yetu ya Xianyang. Majibu ni ndani ya siku ishirini na nane za kazi."

"Hatuna ofisi Xianyang!"

"Basi huenda wakachelewa."

Alitolewa nje kwa heshima, wawili wamemshika makwapa. Akatembea kwa miguu mpaka nyumbani kwake, hariri inaburura kwenye matope. Getini alikuwapo Maganga.

"Maganga, fungua!"

"Kipande chako, mzee."

"Maganga, mimi bosi wako! Nimekuajiri mimi! Mkeo nilimtafutia kazi jikoni!"

Maganga akasoma kipande, akatikisa kichwa kwa masikitiko. "Mzee, hiki ni cha Waziri. Umekiiba wapi? Ondoka kabla sijapiga simu. Na usiniangalie hivyo, mimi nina familia." Juu dirishani mke wa Waziri alichungulia, akapiga simu Wizarani kuuliza mumewe yuko wapi, akajibiwa yuko Xianyang na ametulia. Akafunga pazia. Majirani wanasema tangu siku ile alinenepa.

Naibu Kandoro alihamia ofisini siku hiyohiyo, kukaimu tu. Kuapishwa kungekuwa Ijumaa.

*

Jumanne alasiri Mwalimu Siwema alikuwa anaanua nguo uani alipomwona mtu amesimama kwenye kona ya nyumba, peku, kanzu nyekundu imegeuka rangi ya udongo. Siku nzima alikuwa amekataliwa. Nyumba za wageni zilimkataa, rafiki zake wa meza moja walimkataa, hata msikitini aliambiwa aswali nje, maana atakayempokea mtu asiye mahali pake nyumba zake kumi zote zinaingia matatani.

"Mwalimu, nisaidie," alisema. "Nina njaa. Wewe ndiye uliyenipeleka huko, wewe ndiye utakayenirudisha. Yule babu… Bwana Shang… naye aliwahi kukwama? Aliishiaje?"

Siwema akaendelea kukunja shuka. Alikuwa amelingoja swali hili kwa wiki tatu, na sasa hakuona haja ya kuharakisha.

"Mfalme wake alikufa," alisema. "Maadui zake wakamgeuka. Akakimbia mpaka mpakani, akapiga hodi nyumba ya wageni. Mwenye nyumba hakumjua ni nani. Akamwambia, pole bwana, kwa sheria ya Bwana Shang, nikimlaza mtu asiye na hati, tunaadhibiwa wote."

Waziri alikaa chini, kwenye jiwe la kufulia.

"Halafu?"

"Halafu akauawa. Maiti yake wakaifunga kwenye magari ya farasi, yakavuta kila moja upande wake. Na jamaa zake wote wakafuata. Nilikuwa sijafika hapo, kipindi kiliisha."

Kisha Siwema akaingia ndani, akatoka na kalamu na karatasi.

"Kuna njia," alisema. "Kifungu cha tatu. Waziri peke yake anaweza kusema Mashine imekosea. Wewe ni Waziri mpaka Ijumaa, na barua ya Waziri aliye safarini ni halali. Muhuri unao?"

Alikuwa nao, mfukoni mwa ndani, hakuwahi kuachana nao hata kitandani. Akaunyakua kama mwenye kiu anavyonyakua kata. "Niandike nini? 'Mashine imekosea, Mkwiji yuko hapa!'"

"Polepole. Tujaribu kwanza kwa mtu mwingine, tuone kama muhuri wako bado unafanya kazi. Andika: Mashine ilikosea kuhusu Chande, fundi cherehani. Hakuwa darajani. Alikuwa kwangu, ananipima. Na amekufa."

Waziri aliandika mbio mbio. Akagonga muhuri. Halafu akainua uso.

"Chande ni nani?"

"Mume wangu."

"Ahaa," alisema Waziri, na kwa mara ya kwanza akamtazama vizuri. "Fundi hodari sana yule. Mkono mwepesi."

Siwema akaichukua karatasi kabla haijakauka. Nasema kweli, moyoni mwake alikuwa anataka kumtia mtu yule sabuni ya kufulia kinywani. Hakumtia. Alimpa kipande cha muhogo wa jana akamwambia aandike barua yake mwenyewe, kisha ampelekee Naibu.

Asubuhi karani wa mochwari alisoma ile barua mara tatu, akaubusu muhuri, akavuta droo namba tisa.

Waziri naye akaipeleka yake. Naibu Kandoro alimpokea uani, kwa kuwa mtu aliye Xianyang hawezi kupanda lifti. Akaisoma kwa majonzi makubwa. "Haifai," alisema. "Mtu hasaini shauri lake mwenyewe. Umeliandika wewe hilo, tena kwa lugha nzuri sana. Na kwa kusema Mashine imekosea katika jambo lisilo lako kulisema, umejipatia miaka mitano. Lakini usijali, hatumshitaki mtu aliye nje ya nchi. Tutakungoja urudi."

*

Chande alizikwa Alhamisi, baada ya adhuhuri. Kwa desturi wanawake hawafuati jeneza makaburini, lakini Wizara ilikuwa imeamuru mjane awepo kaburini ajaze fomu ya waliohudhuria, kwa sababu fomu ya kaburini ndiyo pekee ambayo Mashine iliiamini kuliko vipande. Jina lako likiandikwa na mjane kwamba ulikuwa pale, ulikuwa pale, na Mashine inakuhamishia pale hata kama uliandikwa mbinguni.

Waziri alikuwa amelikumbuka hilo tangu alfajiri. Alikuja wa kwanza. Alichimba kaburi pamoja na wachimbaji, akabeba jeneza begani mbele kabisa, akalia kuliko ndugu wa marehemu. Watu waliona. Hakuna aliyemsalimia. Kaburi lilipokwisha kufukiwa alimwendea Siwema, aliyesimama na ile fomu ameiegemeza kwenye daftari.

"Mwalimu, jina moja tu. Mkwiji. Nimembeba mumeo! Tazama bega langu!"

Siwema aliandika. Aliandika shehe, akaandika ndugu wanne wa marehemu, balozi wa nyumba kumi, karani wa mochwari, wachimbaji, Maganga aliyekuja kwa aibu akasimama mbali, na muuza maji aliyekuwa anapita tu. Majina arobaini na mawili. Waziri alikuwa ananong'ona juu ya bega lake, akihesabu mistari iliyobaki. Ukabaki mstari mmoja. Siwema akaupiga kistari, akasaini, akampa afisa.

"Mjane ana siku tisini za kuongeza jina alilolisahau," alitangaza afisa, kama kanuni ilivyotaka, akapanda baiskeli yake.

Siku tisini! Waziri aliposikia hivyo alipata nguvu. Ijumaa, wakati Kandoro anakula kiapo, yeye alikuwa amekwisha keti kwenye ngazi ya nyumba ya Siwema, ameosha uso, ameandaa hotuba. Akapiga hodi.

Mlango ukafunguliwa kidogo. Alikuwa shangazi yake Siwema, na nyuma yake wanawake wengine wamejaa ukumbini, udi unafuka.

"Namtaka Mwalimu. Dakika moja tu."

"Haiwezekani, baba. Yuko eda."

"Eda? Mumewe amekufa mwaka juzi!"

"Kwa Serikali amekufa Jumatano, barua yako mwenyewe imesema. Mashehe nao wamekubali, na wao wana vipande shingoni. Ni miezi minne na siku kumi. Hatoki, haonani na mwanamume wa kando, hazungumzi naye hata kwa mlango."

Waziri akahesabu kwa vidole, akarudia, akapiga kelele. "Miezi minne! Mimi nina siku tisini! Bibi, nisikilize, mimi si mwanamume, mimi ni Waziri!"

Wanawake wakacheka, mlango ukafungwa, komeo likapita. Akaubisha mlango kwa ngumi. Akaliita jina la Siwema, akaliita la Chande, akaomba radhi kwa sauti ile tamu, kisha akaomba maji, kisha akaomba radhi tena.

Ndani, Siwema alikuwa amekaa kwenye mkeka, amevua dhahabu, amejifunika kaniki. Alisikia kila neno. Akavuta kaniki usoni, akaendelea kumlilia mumewe.